Ulimwengu wa Tuama: sauti haifi, inaanguka chini. Karibuni tuukague

MjukuuWaNahodha (mwenye uzi), Tanga

Wakuu, salaam. Kwa muda sasa naandika ulimwengu wa kubuni unaoitwa Tuama, na leo nauleta jukwaani tuukague pamoja kabla sijaendelea na riwaya yenyewe.

Niseme msimamo wangu mapema. Hadithi nyingi za kichawi zinanichosha kwa sababu uchawi wake ni wa bure. Mtu akitaka kuruka anaruka, akitaka dhahabu anaitamka inakuja. Pakiwa hapashindikani kitu, hakuna anayelala njaa, hakuna anayemngoja mtu, na kisa kinakosa pa kusimama. Mimi nimegusa kanuni moja tu ya maumbile, nikaiacha itawale kila mahali: ikulu, sokoni, jikoni, makaburini. Mfalme naye haikwepi.

Kanuni yenyewe ni hii. Tuama sauti haifi.

Kwetu sauti inakufa kwa njia mbili. Kwanza inatawanyika: ukisogea mbali mara mbili na msemaji, nguvu inayokufikia inabaki robo. Pili, hewa inaila. Mtikisiko unageuka joto, tena joto dogo mno huwezi kulihisi. Tuama inatawanyika vilevile, ila ikishachoka haigeuki joto. Inashuka ardhini ikawa chenga za kijivu, laini kama unga wa muhogo uliochekechwa. Ukizikanyaga, ukizifagia au ukizipuliza, zinatoa sauti ileile iliyozizaa: maneno, kikohozi, mlango uliobamizwa.

Kutoka hapo mengine yanafuata. Sauti nzito huanguka karibu, nyembamba huelea mbali. Hii ni kinyume cha kwetu. Kwetu ngoma ikichezwa kijiji cha pili, usiku unasikia mdundo wa msondo tu. Zumari na vigelegele vimeshaliwa na hewa njiani. Tuama mtu wa mbali anasikia vigelegele peke yake, asijue kama ni harusi au mtoto kazaliwa, kwa sababu ngoma yote imeanguka palepale uwanjani. Kwa hiyo mabondeni yanakopigwa madogoli na kufanyika mabaraza ya wazee ardhi ni nzito, na vilele vya milima vimejaa sauti za watoto waliokuwa wakicheza chini huko.

Na maji yanazinyamazisha. Chenga ikilowa imekufa, hairudi. Ndiyo maana watu wa Tuama wanaipenda masika na kuiogopa kwa pamoja. Deni lililokubaliwa kwa mdomo linakufa masika yakianza, isipokuwa aliyekukopesha alichota chenga za ahadi yako akazitia kwenye kibuyu na kukiziba kwa nta. Matusi ya mwaka mzima yanaondoka na maji mitaroni. Na sauti ya marehemu iliyobaki uani inaondoka nayo.

Niwape picha moja ya asubuhi. Mama ameamka, ameshika ndoo na fagio la chelewa. Hafagii kwanza. Anasimama mlangoni akikumbuka jana palisemwa nini na wapi. Pale alipogombana na mumewe ananyunyiza maji. Chini ya mwembe, wageni walipokaa, anafagia polepole akisikiliza, maana wageni husema jambo mwenyeji akishaingia ndani. Kwenye kona anakotambaa mwanawe wa mwisho hagusi kabisa, kwa kuwa hapo kuna neno la kwanza la mtoto na bado hajapata kibuyu kizuri cha kulihifadhia.

Nataka mniulize maswali magumu. Penye ufa tuzibe.

Chelewa_ya_Mnazi

Nimeweka kambi hapa. Mkuu, huyo mama na ndoo yake ameniingia. Endelea.

Mwl. Kipimo, Morogoro

Nimeusoma mara mbili, kijana. Kanuni imekaa vizuri, ila nina maswali ya darasani.

Chenga ikikanyagwa inatoa sauti. Sauti hiyo nayo si itaanguka tena? Ikianguka kamili, neno moja litazunguka milele bila kupungua, na hapo umeshavunja kanuni ya nishati bila kutaka.

Halafu, dunia hiyo haijafukiwa? Watu wanaongea kutwa, jogoo wanawika, mawimbi yanapiga miamba. Miaka elfu ya chenga inakwenda wapi?

Na la mwisho ndilo linalonitia hofu zaidi. Chenga moja ikilia inaitikisa ya jirani, nayo inalia, inaitikisa nyingine. Kwenye rundo kubwa mtu akikanyaga mara moja mlima mzima utalia. Krakatau ilipolipuka tarehe 27 Agosti 1883, mlio ulisikika kisiwa cha Rodrigues, karibu kilomita 4,800, ng'ambo ya Bahari ya Hindi. Walidhani ni mizinga ya meli. Volkano kama hiyo ikilipuka Tuama, chenga zake zinakaa wapi, na nani anathubutu kupita?

MjukuuWaNahodha

Mwalimu, shikamoo. Maswali haya ndiyo niliyoyafuata.

Kila chenga inapolia, nusu ya nguvu yake inageuka joto na nusu inaanguka tena. Kwa hiyo kila kusikiliza kunagharimu. Ukifungua kibuyu cha mama yako umemsikia, lakini atakayekifungua baada yako atapata nusu. Hii ndiyo bei niliyoitaka: kumbukumbu ipo, inashikika, na kuitumia ndiko kunakoimaliza.

Kufukiwa: penye mvua hapafukiwi, masika yanasafisha. Penye ukame watu wanahama. Miji ya nyikani inajengwa kwa matofali mepesi, na ikifika wajukuu hawawezi tena kulala kwa mlio wa mababu chini ya vitanda, mji unabebwa.

Kuhusu mlima kulia, hilo ni janga halisi la Tuama. Nimeweka kipimo cha magoti. Chenga zisizofika magotini zinalia pale zilipoguswa tu. Zikizidi hapo, moja inaita nyingine. Volkano yangu inaitwa Nguruma. Kwa kuwa mlio wake ulikuwa mzito, uliangukia miteremkoni mwake wote, tabaka la urefu wa mtu. Hakuna njia inayopita huko. Msimu wa kiangazi wanyama wanaoshuka kutafuta maji huuamsha, na watu wa vijiji vya chini wanajua kuingia mapangoni wakiona ndege wameruka kwa pamoja.

Mwl. Kipimo

Marahaba. Kanuni ya nusu imeniridhisha, basi tuipigie hesabu.

Tunapima ukali wa sauti kwa desibeli. Ukiigawa nguvu kwa mbili, unashuka desibeli 3. Mazungumzo ya kawaida mkiwa mmekaa karibu ni kama desibeli 60. Mara 20 za kufungua zitayafikisha sifuri, mpaka wa sikio zima la binadamu. Mnong'ono ni kama 30, basi mara 10 tu umekwisha. Ila hakuna chumba kilicho sifuri. Hata nyumba iliyotulia usiku ina desibeli 30 hivi za kelele zake ndogondogo, kwa hiyo mazungumzo yale yatamezwa baada ya mara 10, na mnong'ono utasikika mara moja tu, kwa taabu. Hapo umepata jambo: Tuama mahali patulivu pana thamani ya shamba. Tajiri si mwenye vibuyu vingi, ni mwenye chumba kinachoweza kuvisikiliza.

Joto lisikutie wasiwasi. Mtu akiongea kawaida anatoa sehemu kama kumi tu kati ya milioni za wati moja. Akiongea bila kupumzika usiku na mchana, kupata nishati ya kuchemshia kikombe kimoja cha chai kutamchukua karibu miaka 200. Hakuna nyumba itakayoungua kwa umbea.

Nikuongezee, kwa faida ya wasomaji. Charles Babbage, Mwingereza aliyebuni mashine za kukokotoa, aliandika mwaka 1837 kwamba hewa ni maktaba kubwa ambamo kila neno lililowahi kutamkwa limebaki limeandikwa. Aliamini mitikisiko ile haifutiki kabisa, na kwamba mwenye akili ya kutosha angeweza kuifuatilia nyuma. Fizikia iliyokuja baadaye ilionyesha kwamba inazama kwenye vurugu ya joto la molekuli isipate kurudishwa. Tuama umempa Babbage dunia ambayo hoja yake ni ya kweli. Na mwaka 1860 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alichora sauti ya mtu anayeimba juu ya karatasi iliyopakwa masizi, miaka 17 kabla ya Edison na mashine yake ya kunasa sauti. Hakuwa na njia ya kuisikiliza. Ikaja kusikika 2008, kwa kompyuta. Sauti ndani ya masizi! Kijana, hujaenda mbali na ukweli kama unavyodhani.

Ukindu, Pemba

Mimi si mtu wa hesabu, lakini hiyo ya nusu kwa nusu naijua kwa mikono yangu. Nyumbani kwa bibi tulikuwa na santuri za zamani, zile nzito zinazovunjika. Sindano ya chuma ilikuwa inazila. Kila ukipiga, wimbo unachakaa, mikwaruzo inapanda juu ya sauti ya mwimbaji. Siti binti Saad na wenzake walisafiri hadi Bombay mwaka 1928 wakarekodi, na santuri zile zikarudi pwani zikapendwa mno. Sasa fikirini: zilizopendwa zaidi ndizo zilizopigwa zaidi, na zilizopigwa zaidi ndizo zilizokwisha. Iliyokaa kabatini kwa mtu asiyeijali ndiyo nzima mpaka leo. Tuama itakuwa hivyohivyo, kaka. Vibuyu vya watu waliopendwa vitakuwa vimekwisha, na sauti safi kuliko zote zitakuwa za watu ambao hakuna aliyetaka kuwasikia.

Swali langu ni la mirathi. Mama amefariki, ameacha kibuyu kimoja na watoto wanne. Mnagawaje?

MjukuuWaNahodha

Dada Ukindu, hilo la santuri naliweka kwenye kitabu kama ulivyolisema, ukiniruhusu.

Mirathi: nyumbani kwa mhusika wangu mkuu kuna ugomvi huohuo. Kuna njia mbili na zote zinauma. Ukigawa chenga mafungu manne, kila mtoto anapata vipande. Mmoja anapata "mwanangu", wa pili anapata kikohozi na nusu ya jina. Usipozigawa, mnakaa wote chumba kimoja, kinafunguliwa mara moja, na kinachobaki anachukua mdogo, kwa hoja kwamba yeye ndiye aliyeishi na mama muda mfupi kuliko wote. Desturi ya Tuama imechagua hii ya pili.

Ukindu

Ruhusa unayo. Lakini desturi hiyo siikubali. Mimi ni mkubwa kwetu. Mdogo aliachiwa mama mzee, aliyetulia, mwenye nafasi ya kuimba. Mkubwa ndiye aliyepata mama kijana aliyechoka, na kibuyu hakikuwepo. Mwandikie mkubwa haki yake.

SheriaKwanza, Nairobi

Wadau, huu uzi umenishika tangu asubuhi na kazi zimenilalia mezani. Mimi ni wakili, nitauliza ya kwangu.

Mahakama za Tuama zinafanyaje kazi? Mtu anaweza kusema hapahitajiki shahidi, ardhi ndiyo shahidi. Mimi naona kinyume. Chenga zinasema neno, hazisemi nani alizichota, lini, wala zilikaa wapi katikati. Mtu anaweza kuchota maneno yangu ya jana sokoni, akayapanga na ya juzi, nikaonekana nimekiri kosa. Na kuna tatizo jingine zito: kila mahakama inaposikiliza ushahidi, inauharibu nusu. Rufaa itasikiliza nini? Rufaa ya pili je?

MjukuuWaNahodha

Wakili, umegonga penyewe. Mahakama za Tuama haziamini vibuyu. Zinaamini tabaka. Chenga za chini ni za kale, za juu ni za karibuni, kama wachimbaji wa mambo ya kale wanavyosoma udongo pale Kilwa Kisiwani. Kukitokea kosa, wanatumwa wapimaji wanaokaa kimya, wamevaa ngozi laini miguuni, wanakata kipande cha ardhi kwa mraba na kukibeba kilivyo. Tabaka lililochezewa linaonekana kwa macho, linakuwa limechanganyika.

Kuhusu rufaa, ndiyo, ushahidi unapungua. Kwa hiyo hakimu wa kwanza anasikiliza pamoja na wazee kumi na wawili, na kumbukumbu zao ndizo zinazokwenda rufani. Mwisho wa yote mtu ndiye anayesadikiwa au kukataliwa. Uchawi haujawaondolea mzigo huo, na sikutaka uwaondolee.

Wa_Matrah, Muscat

Assalaam alaykum ndugu zangu. Nawasoma kutoka Oman, na Mwalimu ametaja masizi, basi nami nitaje mchanga.

Huku kwetu kuna matuta ya mchanga yanayonguruma. Yapo karibu na Al Ashkharah, upande wa pwani ya mashariki. Mchanga mkavu ukiporomoka kwenye mteremko mkali, tuta zima linatoa mvumo, mzito, kama ndege inapita chini na huioni. Mchezo wa vijana ni kukaa juu na kuteleza kwa makalio ili liamke. Unahisi mtetemo kifuani kabla sikio halijashika. Wanasayansi wamelipima: mvumo wake uko kati ya hezi 90 na 150, yaani mitikisiko 90 hadi 150 kwa sekunde, na unategemea ukubwa wa chembe. Chembe kubwa zinatoa mvumo mzito, ndogo zinatoa wa juu. Na mchanga ukishika unyevu, tuta linanyamaza kabisa. Marco Polo aliandika habari za mchanga wa namna hiyo kule Asia ya kati, watu wakidhani ni sauti za mashetani.

Nimeshangaa kusoma kwako kwamba chenga zikilowa zinakufa. Huku ndivyo ilivyo.

MjukuuWaNahodha

Waalaykum salaam, ndugu yangu. Umenipa kitu nilichokuwa nakitafuta. Kuanzia leo Tuama sauti nzito huzaa chenga kubwa na sauti nyembamba huzaa chenga ndogo. Hapo inaeleweka kwa nini nzito huanguka karibu: chenga yake ni kubwa, haielei. Kanuni mbili zimekuwa moja.

Na nyika ya kaskazini mwa Tuama itakuwa na matuta. Upepo wa kaskazi unachambua chenga kwa ukubwa, unakusanya sauti za wanaume tuta moja, za wanawake tuta la pili, za ndege la tatu. Wasafiri wa misafara wanajua mahali walipo kwa kusikia tu wanateleza juu ya nani.

Mwl. Kipimo

Upepo huchambua mchanga hivyo kweli. Hiyo ibaki.

Mlango_wa_Lamu

Nauliza habari za bahari. Umesema maji yanaua chenga. Mabaharia je?

MjukuuWaNahodha

Babu yangu alikuwa nahodha wa jahazi, bahari siwezi kuiacha. Kwetu bahari inabeba sauti kuliko hewa: kwenye hewa inakwenda kama mita 343 kwa sekunde, majini karibu 1,500. Mwaka 1960 baruti zililipuliwa chini ya maji karibu na Perth, Australia, na vyombo vya kusikilizia vikaunasa mlio Bermuda, karibu nusu ya mzunguko wa dunia. Tuama bahari inasahau. Neno lililosemwa chomboni linaanguka majini na halipo tena.

Basi kila jambo lisilotakiwa kubaki linasemwa baharini. Wanaopanga kumpindua mfalme wanakodi ngalawa. Wapenzi wanaoogopa wazazi wanakwenda kuvua bila nyavu. Mtu mwenye jambo zito la kumwambia nduguye anamwomba amsindikize hadi nje ya miamba, wanasema, wanalia, wanarudi. Bandarini kuna ngalawa za kazi hiyo peke yake, na manahodha wake wanaapishwa. Mfalme amejaribu kuzipiga marufuku, akashindwa, kwa sababu mawaziri wake ndio wateja wakubwa.

Mlango_wa_Lamu

Chomboni utie matanga ya mkeka wa zamani, kama ya mtepe, kile chombo cha kale cha mbao zilizoshonwa kwa kamba. Na sitaha uihesabu pia: chenga zitaangukia mbao kabla ya kufika majini. Baharia wako lazima aoshe sitaha kila baada ya mazungumzo. Asiyeosha ndiye msaliti.

MjukuuWaNahodha

Hiyo "asiyeosha ndiye msaliti" ni sura nzima, sheikh. Ahsante sana.

Kidole_Kinaona, Dodoma

Habari za jioni. Nimesoma uzi wote. Mimi ni kiziwi tangu utotoni. Natumia lugha ya alama, na nimefurahi kuona dunia ambayo sauti inashikika kwa mkono, maana hapo kwa mara ya kwanza na mimi nimo. Lakini nimesoma mpaka hapa sijamwona kiziwi hata mmoja Tuama. Tuko wapi?

Niwaambie ninavyoiona mimi. Kama chenga za sauti nzito ni kubwa na za nyembamba ni ndogo, basi mtu aliyezoea kusoma dunia kwa vidole atazisoma bila kuziliza. Ninyi mnaosikia mnalazimika kuzikanyaga, mnapoteza nusu kila mara. Sisi tutazipapasa zikiwa zimelala. Wakili aliuliza rufaa itasikiliza nini. Rufaa iletwe kwetu, ushahidi utarudi mzima.

La pili. Mikono haidondoshi chenga. Tukizungumza mimi na mke wangu, ardhi haibaki na kitu. Hao wapanga njama wanaokodi ngalawa wanahangaika bure, wangejifunza alama tu.

SheriaKwanza

Nimesimama kwenye kiti. Hapa Kenya Katiba ya 2010 inataja Lugha ya Alama ya Kenya kuwa moja ya lugha rasmi za Bunge, pamoja na Kiswahili na Kiingereza. Tuama ingekuwa lugha ya ikulu, na ya usalama wa taifa.

Mwl. Kipimo

Kipimo kisichoharibu kinachopimwa. Kwenye maabara tunakitafuta siku zote. Ndugu wa Dodoma amekipata.

MjukuuWaNahodha

Kidole_Kinaona, hii inabadili kitabu. Wapimaji wa mahakama ndio viziwi wenyewe, tangu zamani. Ndio wanaokata tabaka, ndio wanaosoma, na neno lao linapita la wazee kumi na wawili kwa sababu halikugharimu ushahidi. Na kwa kuwa mikono haiachi alama ardhini, wafalme wamewahitaji na kuwaogopa kwa wakati mmoja: kila mjumbe wa siri anafundishwa na kiziwi, kwa hiyo kila siri ya nchi imepita mikononi mwao.

Mhusika wangu mkuu alikuwa kijana mchota sauti. Sasa nataka awe binti kiziwi, mpimaji, anayeitwa kusoma tabaka la chumba alichofia mfalme, na anakuta chumba kimeoshwa kote isipokuwa chini ya kizingiti. Na Ukindu nimemsikia: binti huyu ni mtoto wa kwanza kwao, na kibuyu cha mama kiko kwa mdogo wake. Mdogo amekifungua mara nyingi mno, yeye hajawahi kukigusa.

Naomba uwe msomaji wangu wa kwanza wa kila sura. Sitaki kuandika mikono nisiyoijua.

Kidole_Kinaona

Nakubali, kwa masharti.

Asiponywe. Nimesoma hadithi nyingi ambamo kiziwi mwishoni anasikia, watu wanalia kwa furaha, na mimi nafunga kitabu. Abaki alivyo hadi ukurasa wa mwisho.

Asiwe peke yake. Mpe rafiki kiziwi wa kugombana naye, mpe mwalimu, mpe mtu wa kumtania. Kiziwi mmoja kati ya wanaosikia ni upweke, ninyi mnauandika kama hekima.

Na jina. Sisi tunapeana majina ya alama, na kiziwi ndiye anayetoa. Jina lake la mdomo waachie wazazi, la mkono nitampa mimi nikishasoma sura ya kwanza.

MjukuuWaNahodha

Yote matatu nimeyakubali. Rafiki nimeshampata: ni yule anayeosha sitaha kwenye ngalawa za siri, kiziwi pia, na kazi hiyo alipewa kwa sababu hiyo hasa, manahodha wakidhani hawezi kujua kinachosemwa. Wanasahau kwamba kabla ya kumwaga maji anapitisha kiganja juu ya mbao.

Sura ya kwanza naiweka hapahapa kwenye uzi Ijumaa. Mlango_wa_Lamu, niletee majina ya sehemu za mtepe kabla ya hapo, ngalawa sitaki iwe ya kubahatisha.

Mlango_wa_Lamu

Kesho asubuhi utayakuta.